Walii Amekataa

Nimevaa buibui la kazini, lenye doa la dawa mkononi;
jipya angesema nimekuja na arusi yangu begani.
Saa mbili asubuhi, mahakama ya Sib,
na jua limekwishashika kitasa cha mlango:
ukikigusa unajuta.

Nina miaka thelathini na sita,
mkopo wa benki, gari lenye jina langu.
Hospitali, saini yangu ndiyo itoayo damu frijini,
mfuko kwa mfuko, usiku wa manane,
na hajatokea mgonjwa wa kuniuliza
damu hii ya kabila gani.

Saini moja tu sina.
Anayo Yaarub, mdogo wangu kwa miaka minne,
niliyemfunga viatu, niliyemfunza kusoma saa.
Tangu baba azikwe, walii ni yeye.
Na walii amekataa.

"Dini yake huyo Jumaan?" Kadhi hainui macho.
"Anasali."
"Kazi?"
"Fundi umeme, bandarini Sohar."
"Tabia?"
"Sijasikia baya."
"Basi?"
Mashine ya baridi inakohoa.
"Si kufu yetu, sheikh."

Hapo alisema kwa Kiarabu, kama mtu aliyeazima kanzu.
Nyumbani, Al-Khodh, alilisema kwa Kiswahili,
na Kiswahili chetu si cha wageni:
ni cha kumfukuzia paka, cha kuonjea chumvi,
cha kumwambia dada yako mkubwa, mlango wazi, majirani wanasikia:
"Huolewi na mjukuu wa mtumwa, labda nife."

Majlisini kwetu kuna mti ukutani,
wino wa kijani, fremu ya dhahabu.
Shina ni babu wa babu, majani ni wana wa wana.
Niliyahesabu utotoni nikiwa na surua:
mia na kumi na moja,
na hata moja si la mwanamke,
kama kwamba walichipuka wenyewe, kwa mvua.

Nikamwuliza: hilo "labda nife", Yaarub,
umelichuma jani lipi?
Nani katika hawa alilala akiimbiwa Kiswahili,
na aliyemwimbia yuko wapi?

Akautazama mti kama bili ya umeme.
Bibi Zamzam alikuwa akimenya thomu;
hakuna aliyemwuliza yeye.
"Bibi yangu mzaa baba," akasema.
"Wakimwita Tausi.
Si jina alilokuja nalo.
La kwao alitutajia mara moja, tulikuwa tukicheza,
hatukusikiliza."
Akachukua punje nyingine.

Yaarub alizima taa ya majlisi akatoka.
Sisi wawili tukabaki kizani
na harufu ya thomu.

Leo Kadhi amegonga mhuri.
Mwanamke huyu ni mtu mzima, amesema,
na "watu watasema" si sababu ya kumzuia.
Anampa kaka yangu wiki mbili aozeshe kwa mkono wake;
asipoozesha, ataniozesha yeye.
Karani akaniuliza namba ya simu, nikakosea,
nikataja ya marehemu baba.

Jumaan ameandika: *Wamesemaje?*
Sijamjibu.
Nimekaa kwenye ngazi na karatasi mapajani,
nyepesi, ina joto la mashine bado.
Nilidhani nitacheka.
Sheria imenipa nilichoomba, neno kwa neno;
kaka sikumwomba, nilidhani ninaye.

Anapita. Hasimami.
Anafika kwenye gari langu kabla ya lake,
anakunja pindo la kanzu mkononi,
anashika kitasa kinachochoma
na kunifungulia mlango.
Hanitazami. Anatazama dashibodi.

"Mafuta unayo?"

"Nusu," nikasema.